Mipasho ya Rannvá wa Bandani

Mimi ndiye niliyemshika yule Mwingereza mkono wa kushoto. Ndugu yangu Pætur alimshika wa kulia. Nalisema hili mapema, maana habari hii imekwisha kuzunguka visiwa vyetu vyote kumi na vinane vya huku kaskazini na kila mtu anaisimulia kana kwamba alikuwepo. Wengi hawakuwepo. Mimi nilikuwepo, na mkono wake niliuhisi ukitetemeka ndani ya sweta.

Lakini habari yenyewe si yangu. Ni ya Rannvá, ambaye hapa Skálavík tunamwita Rannvá wa Bandani kwa sababu nyumba ya kwao iko pale penye mabanda ya mashua. Nimesoma naye darasa moja. Alikuwa msichana mwenye viwiko vikali na kumbukumbu kali kuliko viwiko. Ukimkanyaga mguu Jumatatu, Ijumaa alikuwa anakukanyaga wako, na anakuambia ni kwa ajili ya nini.

Alilelewa na bibi yake, Birita. Bibi Birita alikuwa mjane tangu mwaka wa arobaini na tatu, wakati wa vita, siku zile watu wetu walipokuwa wakiwapelekea Waingereza samaki ili wasife njaa. Mumewe, Jóan Petur, na wanawe wawili, Øssur na Tróndur, waliondoka na shehena ya samaki kwenye mashua moja. Waligonga bomu la baharini. Halikurudi hata kasia. Alibaki yeye na binti yake mdogo, Elspa, ambaye baadaye ndiye aliyemzaa Rannvá.

Bibi Birita hakulia mbele za watu. Alikuwa na wimbo. Haukuwa na maneno, ila majina yale matatu tu, yakivutwa taratibu na kupandishwa, kisha yanaachwa hewani bila kuteremshwa. Aliuimba zizini wakati wa kukamua, shavu lake likiwa ubavuni mwa ng'ombe. Mtu akiingia, ananyamaza. Sisi watoto tuliujua kwa kuuibia, tumejibanza nyuma ya ukuta wa mawe, na hakuna hata mmoja wetu aliyethubutu kuuimba kwa sauti.

Mwaka wa sabini na nane akaja Gerald Pennick. Alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu za hali halisi, zile za ndege na majabali na mawimbi, na alitumwa kutafuta sauti za visiwa vyetu. Alipangishwa chumba kwa kina Rannvá, chumba kilekile walichokuwa wakilala wale vijana wawili. Alikaa wiki sita. Bibi Birita alimpenda kwa jambo moja.

"Anaosha vyombo!" alimwambia mama yangu. "Mwanamume mzima, na mikono yake miwili, anasimama pale anaosha vyombo!"

"Labda kwao hawana wanawake," mama akasema.

"Wanao. Ila wamewafundisha adabu."

Siku ya mwisho bibi alimchukua mgeni hadi zizini na kumwimbia. Mgeni alikuwa na kinasa sauti chake ndani ya mkoba wa ngozi, akakiweka juu ya ndoo iliyofudikizwa. Elspa alikuwepo kutafsiri, maana alikuwa amefanya kazi miaka miwili Aberdeen. Rannvá, mwenye miaka kumi na miwili, alikuwepo ameshika chombo cha maziwa. Bibi alipomaliza alisema, "Mwambie huu ni wa wale watatu. Auweke, nisije nikafa nao. Lakini asiupige mbele za watu." Elspa akatafsiri. Mwingereza akaweka mkono kifuani na kusema, "Naahidi." Rannvá aliliona hilo kwa macho yake.

Miaka minne ikapita. Baba yangu, aliyekuwa akivua kwenye meli kubwa, alirudi kutoka bandari ya Grimsby, kwa Waingereza, na mashine ya video, ya kwanza katika kijiji chetu, pamoja na kanda aliyorekodiwa mpira. Jumapili nyumba ilijaa. Bibi Birita hakuja kwa mpira, alikuwa ameleta mayai, mama akambakiza kwa kahawa. Wakati wa mapumziko likaja tangazo. Watoto wa Kiingereza walikuwa wakirukaruka kuzunguka sahani ya samaki wa kukaanga, filimbi inalia, vigoma vinadunda, na wimbo uliokuwa ukipigwa ulikuwa ule. Ulikuwa umeharakishwa na kuchangamshwa, umevalishwa kengele, lakini ulikuwa uleule.

Bibi Birita alikiweka kikombe chake juu ya kisahani polepole hata hakikulia. Pale filimbi ilipopanda juu, alisema kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayemtambulisha jamaa, "Huyo ni Øssur."

Kisha akainuka, akafunga kitambaa chake, akaenda zake.

Hakuimba tena. Wala si ule tu. Bibi huyu alikuwa ameongoza nyimbo za kanisani miaka arobaini, zile za zamani zinazovutwa mpaka pumzi inaisha, na sasa alikaa kwenye kiti chake kilekile, mdomo umefumbwa, macho kwenye dirisha. Miaka saba. Alikufa mwaka wa themanini na tisa akiwa na miaka themanini na minne, na hata katika wiki yake ya mwisho, Rannvá alipomwomba amwimbie japo kidogo tu, alitikisa kichwa na kusema, "Wameshaula."

Rannvá alikuwa ameandika barua London tangu zamani, akiwa na miaka kumi na sita, kwa Kiingereza cha shule. Jibu lilikuja kwenye karatasi nzito. Lilisema kwamba wimbo huo ni utunzi wa Bwana Pennick mwenyewe, uliochochewa na mandhari ya visiwa.

"Mandhari!" aliniambia, ameshika ile karatasi kama samaki aliyeoza. "Unasikia, Dánjal? Bibi yangu amegeuka mandhari."

"Utafanya nini sasa?"

"Nitajifunza kazi yake. Nitamfuata humohumo."

Nilicheka. Nilikuwa na miaka kumi na sita na mimi, na niliona ni maneno tu ya hasira. Sikujua kwamba watu wengine hasira yao haipoi, inakaushwa tu, kama tunavyoikausha nyama ya kondoo bandani: upepo unaipitia miezi na miezi, na kadiri inavyokaa ndivyo inavyozidi ukali.

Alianza na kinanda cha kanisa. Mchana alichuna minofu ya samaki kiwandani Sandur, kijiji cha jirani, jioni alikwenda kwa mpiga kinanda wetu, mzee Hjalmar, kufundishwa nota. Hjalmar alikuwa mkali na kiziwi wa sikio moja. Alimwambia, "Unabonyeza kama unamkaba mtu." Rannvá akajibu, "Namkaba." Akaenda kusoma Copenhagen miaka mitatu, akarudi na digrii na kikohozi, akaingia tena katika nyumba ya Bandani na kuanza kutunga.

Lazima niseme jinsi alivyotunga, maana nimembebea vyombo vyake mlimani mara nyingi. Hakuanza kwenye kinanda. Alianza miguuni. Alikuwa akipanda nyuma ya kijiji akiwa na vinasa sauti viwili, anavifunga kwenye nyaya za uzio wa kondoo, kisha anakaa kwenye jiwe masaa mawili akisubiri upepo ubadilike. Nyaya zile huimba. Nilikuwa nimezisikia maisha yangu yote nisijue kwamba zinaimba. Pale ambapo maporomoko ya maji hupulizwa na upepo yakarudi juu badala ya kuanguka, aliandika fidla inayoshuka na kushuka, kisha inarudi ilikotoka bila kugusa chini. Kwa ajili ya ukungu aliwachukua wazee wa kanisani, akawaambia waimbe wimbo mmoja kila mtu kwa kasi yake, kama zamani, bila kungojana. Ukiusikia ule muziki humwoni mwenzako mbele yako.

Filamu zikaanza kumjia: ya Wadenmaki kuhusu kondoo wanaoteremshwa majabali kwa kamba, ya Wanorwe kuhusu mikeka ya nyasi juu ya paa zetu. Watu wakamjua. Alialikwa huku na huku. Na kila alipohojiwa alitaja kijiji, akataja upepo, akataja mzee Hjalmar. Bibi hakumtaja hata siku moja. Nilimuuliza kwa nini. Akasema, "Mtego hautangazwi."

Mwaka wa elfu mbili na tisa, mwezi wa kwanza, nilikuwa nambadilishia dirisha la jikoni. Alikuwa anasoma barua za kompyuta, mara akacheka. Sikuwa nimemsikia akicheka hivyo tangu shule. Nusura nidondoshe kioo.

"Kuna nini?"

"Amekuja mwenyewe, Dánjal. Amekuja kwa miguu yake."

Mwanamke mmoja wa London, Harriet Coyle, alikuwa akitengeneza filamu kuhusu maisha ya Gerald Pennick, sasa mzee wa miaka sabini na mitano, mwenye nishani na heshima zote. Filamu ingeonyesha alivyozunguka visiwa vya kaskazini na kuvisikiliza. Mikono ya mzee ilikuwa na ugonjwa wa kutetemeka, hakuweza kuandika nota tena, na yeye mwenyewe ndiye aliyependekeza muziki utungwe na mwenyeji wa visiwa, "mmoja wa wale walioamshwa na kazi yangu." Harriet alikuwa amesikia muziki wa Rannvá kwenye ile filamu ya kondoo. Angekubali?

"Walioamshwa," Rannvá akarudia. Akafuta machozi ya kicheko kwa mgongo wa mkono. "Basi mwambie nimeamka."

Walifika mwezi wa pili, kipindi cha dhoruba, maana Harriet alitaka mawimbi. Feri ilichelewa siku mbili. Rannvá aliwaandalia chakula jikoni kwake, na akaniita mimi na Pætur tuwepo. Pennick alikuwa mrefu bado, mwembamba, na nywele nyeupe safi kama sufu iliyochanwa. Sitasema alikuwa mtu mbaya wa kumtazama. Alikuwa mpole. Alisifu nyama, akaitafuna kwa shida, akaomba kipande kingine. Akatazama kuta.

"Niliwahi kukaa katika nyumba kama hii," akasema. Rannvá ndiye aliyekuwa akitutafsiria. "Kwa kikongwe mmoja. Alikuwa na ng'ombe. Aliitwa nani vile... Brigitte?"

"Birita," Rannvá akasema.

"Birita! Mlimjua?"

"Tulimjua."

"Alikuwa na sauti fulani hivi, kama ya ndege. Nadhani ilinisaidia kupata ule wimbo wangu." Akamgeukia Harriet. "Ule lazima upigwe mwishoni. Watu wataungoja."

Nyumba ile ile, mezani palepale. Pætur chini ya meza alinikanyaga mguu. Rannvá alimwongezea mgeni viazi.

"Wa mwisho niachieni mimi," akasema. "Nitawafanyia ngoma. Ngoma yetu ya duara, kijiji kizima, na Bwana Pennick akiwa ndani yake. Tutakuwa tumemfanyia heshima ambayo haijafanywa hapa tangu enzi za babu zetu."

Harriet alipiga makofi. Mzee aliinamisha kichwa, ameguswa moyo. Na hakusema uongo, Rannvá. Kila neno lilikuwa kweli, isipokuwa moja: heshima.

Zamani kwetu, mtu akiwafanyia wenzake ubaya ambao sheria haiugusi, kama mchoyo, mzinzi, mwizi wa sifa, alitungiwa wimbo wa mipasho. Beti kwa beti, jina lake likitajwa. Kisha siku ya ngoma alivutwa ndani ya duara, akashikwa na wanaume wawili wenye nguvu, huku na huku, na kuchezeshwa mpaka wimbo uishe. Hakuna kupigwa, hakuna kutukanwa kwa matusi. Unacheza tu, na unasikiliza. Wimbo ukiwa mzuri, kijiji kinaukumbuka, na wajukuu zako wanausikia. Mtu wa mwisho kufanyiwa hivyo Skálavík alihamia kisiwa kingine na hakurudi.

Rannvá aliutunga kwa siku tisa. Alijifungia. Alipotoka alikuwa na beti kumi na tisa, akatuita sote wa kijiji, ila wageni, katika jumba la ngoma tukafundishwa. Ukaanza hivi, nikiuweka kwa lugha hii:

*Geraldi kaja mgeni,*
*kanywa kahawa jikoni,*
*katoka, na mfukoni*
*kilio cha mwenye nyumba.*

Na kiitikio:

*Kanyaga, bwana, kanyaga,*
*ngoma haina mlango.*

Watu walicheka, walipiga magoti yao. Lakini kazi yake ya kweli haikuwa kwenye maneno. Baada ya kila beti tatu aliweka pengo. Sauti zote zinakatika, inabaki miguu peke yake juu ya mbao: miwili kushoto, mmoja kulia, miwili kushoto, mmoja kulia. Mara ya kwanza nilidhani ni pumziko. Halafu nikajikuta najaza kitu kichwani, na nywele zikanisimama. Pengo lilikuwa na urefu wa wimbo wa Bibi Birita, kwa usawa kabisa, kasi yake ileile ya kukamua. Ulikuwa unapita pale katikati yetu bila mtu kuutoa mdomoni.

"Hatauimba mtu," Rannvá akasema. "Anayeujua aunyamazie. Bibi alisema usipigwe mbele za watu, na hautapigwa. Na filamu nzima nimeiandika hivyo. Kila atakapoungoja, hatapewa."

Pætur alikohoa. "Yule ni mzee, Rannvá. Anatetemeka."

"Bibi hakutetemeka?"

"Nauliza tu kama kuna haja ya kumshika."

"Wewe fundi wa mashua, kaa na mashua zako. Unamshika, au nimtafute mwanamume?"

Akasema atamshika.

Ngoma ilikuwa Jumatatu kabla ya Kwaresima, saa tisa alasiri. Nje mvua ilikuwa inakwenda ubavu. Harriet aliweka kamera tatu. Jumba lilijaa, wanawake na shali zao, wanaume na vifungo vya fedha, hata mama yangu wa miaka themanini na moja alikuja na fimbo. Rannvá aliingia na sketi ya bibi yake. Akamchukua Pennick mkono kwa heshima zote na kumkabidhi kwetu.

Beti za mwanzo alifurahi. Alisikia jina lake, akatabasamu, akawa anaitikia kwa kichwa kila tulipofika "Geraldi." Miguu aliishika upesi, sikio lake lilikuwa bado sikio. Likaja pengo la kwanza. Nikamwona anainua uso. Akasikiliza. Midomo yake ikaanza kucheza, akawa anangoja, kama mtu aliyekaribishwa kwake akaukuta mlango umefungwa. Hakuna aliyempa kitu. Beti zikaendelea.

Pengo la pili akaanza kuuimba mwenyewe, puani. Hapo Rannvá, aliyekuwa ng'ambo ya duara, akainua kiganja na kusema kwa Kiingereza, bila kukosa hatua, "Si wako."

Mzee alinyamaza. Duara lilizunguka. Sasa tulikuwa beti ya kumi na moja, yenye majina. Tuliyataja yote: Jóan Petur. Øssur. Tróndur. Birita. Na ile beti ambayo siku hizi watoto wetu huiimba shuleni:

*Majini waliishia,*
*chakula kukupatia,*
*nawe ukawafanyia*
*tangazo la kuwauza.*

Lugha hakuijua, lakini majina aliyajua. Nilihisi mkono wake ukiwa mzito, kisha ukavutwa. Alitaka kutoka. Sikumwachia. Pætur hakumwachia. Akanitazama mimi, uso wake umekaribia wangu, jasho limemtoka, akasema, "Tafadhali." Neno hilo hata mimi nalijua.

Nililitazama duara likizunguka. Nilimwona mama yangu, aliyempa bibi kahawa siku ile ya tangazo, anapiga fimbo sakafuni kwa nguvu zake zote. Nikamtazama Rannvá. Pætur akamwita, "Inatosha! Rannvá, inatosha sasa!"

"Zimebaki tano," akasema, na akaanzisha ya kumi na tano.

Tulizimaliza zote. Katika pengo la mwisho mzee hakuuimba wala kutazama mtu. Alikuwa analia, na miguu yake ilikuwa inakwenda, miwili kushoto, mmoja kulia, sawasawa na yetu. Wimbo ulipoisha tulimwachia. Mtu akamletea kiti na maji. Watu walikuwa wanahema. Rannvá alimsogelea, akainama mpaka usawa wa sikio lake.

"Sasa umeusikiliza," akamwambia. Akaenda kuvaa koti.

Harriet hakuwa ameelewa neno, aliona tu mzee aliyelia kwa heshima. Aliondoka na kanda zake amefurahi. Mwezi wa nne akapiga simu. Alikuwa amempata mtu wa kumtafsiria beti. Nilikuwepo; Rannvá aliweka simu mezani ili nisikie, akanitafsiria huku akimenya viazi.

"Umenifanyia nini?" Harriet alikuwa anapiga kelele. "Umeharibu filamu yangu!"

"Nimekuandikia muziki. Uliniambia wa mwisho niufanye nitakavyo."

"Una ushahidi wa haya maneno?"

"Yeye anao. Mkanda ule hakuutupa, watu wa aina yake hawatupi. Utafute."

Harriet, na kwa hili lazima asifiwe, aliutafuta. Mzee alikuwa ametoa kanda zake zote kwa maktaba moja, na humo, kwenye sanduku lililoandikwa jina la kisiwa chetu, sauti zote zilikuwepo: ng'ombe akitafuna, Bibi Birita akitoa sharti, Elspa akitafsiri. Na sauti ya Gerald Pennick wa wakati ule, safi kabisa, ikisema, "Naahidi."

Filamu ilitoka mwaka uliofuata. Haikuwa tena ile waliyoianza. Wimbo mashuhuri haumo popote. Kuna mawimbi, kuna nyaya za uzio, kuna wazee wa ukungu, kuna "Naahidi" ikikatwa kabla bibi hajaanza kuimba, na mwisho kuna ngoma yetu, beti zote kumi na tisa na maneno yake ya Kiingereza chini ya picha. Katika mapengo hakuna maandishi, ila majina matatu. Chama cha watunzi wenzake kilimtaka arudishe nishani. Mawakili wake walituma barua mbili, kisha wakanyamaza. Na kwenye ule utunzi wake wa zamani, kila unapoandikwa sasa, limetiwa jina: Birita wa Bandani. Pennick alikufa akiwa na miaka sabini na saba. Magazeti ya kwao yalimsifu katika aya ya kwanza; ya pili ilikuwa yetu.

Nilimpelekea Rannvá gazeti. Akalisoma lote akiwa amesimama.

"Alikuandikia?" nikamuuliza. "Hata kuomba radhi?"

"Aliandika. Alisema zama zilikuwa nyingine, na kwamba hakudhani tungekuja kusikia."

"Ukamjibu?"

"Nimjibu nini? Si ndicho nilichokuwa nasema miaka yote, kwamba alidhani hatuna masikio?"

Pætur hakusema na Rannvá mwaka mzima na zaidi. Alisema usiku anamsikia yule mzee akisema "tafadhali." Siku ya harusi ya binti yangu alikataa kumshika Rannvá mkono kwenye duara, akaenda kusimama upande wa pili. Jambo lile lilimuuma Rannvá, nililiona, lakini hakulisema kwa mtu. Mimi mwenyewe sijui. Nilimshika yule mzee kwa sababu bibi alikuwa ameketi nyumbani kwetu siku ile, na kanda ilikuwa ya baba yangu, na katika familia yetu hakuna aliyewahi kusema lolote kuhusu hilo. Labda nilikuwa nalipa cha baba.

Wakati mmoja mwandishi wa habari kutoka Tórshavn alimuuliza Rannvá kama sasa ametulia. Tulikuwa kwenye mteremko, amefunga vinasa vyake, anatunga muziki wa filamu ya ndege wa majabalini.

"Nitulie kwa nini?" akasema. "Bibi alinyamaza miaka saba. Mimi nimempa yule mtu dakika kumi na nne. Angekuwa hai ningemwita tena, na beti ningeongeza."

Kisha akamwambia yule mwandishi asogee, maana kivuli chake kilikuwa kimewatisha kondoo, na kengele zao zilikuwa zinaingia kwenye rekodi.